Aristotle, Aristarchus, Ptolemy au Democritus: Uanze na Ulimwengu wa Nani?

Mtu anayetaka kujifunza elimu ya nyota ya Wagiriki wa kale hukwama mapema. Majina ni mengi, kila mwanafalsafa ana ulimwengu wake, na vitabu vya shule vimeshaamua nani alipatia na nani alikosea. Basi mwanafunzi anamkimbilia Aristarchus kwa kuwa aliweka Jua katikati, anampita Ptolemy kwa kuwa aliiweka Dunia, na safari inaishia hapo.

Naona hiyo ni njia mbaya ya kuchagua. Mfumo wa kale unapimwa kwa swali uliojaribu kulijibu na kwa yale ambayo macho matupu yangeweza kuona, maana darubini haikuwapo hadi mwanzoni mwa karne ya 17. Ukipima kwa kufanana na sisi tu, utamsifu mtu kwa jibu bila kuelewa kazi aliyoifanya, na utamdharau mwingine ambaye hesabu zake zilifanya kazi kwa zaidi ya miaka elfu moja.

Ulinganisho huu ni kwa anayetafuta mfumo mmoja wa kuanzia: mwalimu anayeandaa somo, mlezi wa klabu ya sayansi, mwanafunzi wa falsafa, au mtu anayependa tu kutazama anga usiku.

Vigezo

Nimetumia vigezo vitano. Kwanza, mfumo ulikuwa unajibu swali gani? Pili, unaelezaje yanayoonekana angani, hasa sayari zinaporudi nyuma na zinapong'aa na kufifia? Tatu, unadai hesabu kiasi gani? Nne, maandishi yake yamebaki kiasi gani, ili usome mwenyewe badala ya kusimuliwa? Tano, unavuja wapi, na je, watu wa zama zile waliliona tundu hilo? Hiki cha tano nakipa uzito kuliko vingine, kwa sababu hapo ndipo unapowaona watu wakifikiri.

Wanne wenyewe

Wa kwanza ni mfumo wa matufe ya Eudoxus na Aristotle. Eudoxus wa Cnidus, mwanahisabati wa karne ya 4 KK, aliiweka Dunia katikati na kuizungushia matufe, moja ndani ya jingine kama maganda ya kitunguu, kila tufe likizunguka kwa mhimili wake. Jua alilipa matufe matatu, Mwezi matatu, kila moja ya sayari tano zilizojulikana manne, na nyota zote tufe moja: jumla 27. Callippus akaongeza mengine saba. Aristotle (384–322 KK) akayaunganisha yote yawe mtambo mmoja, na hesabu yake ikafika 55.

Wa pili ni Aristarchus wa Samos, wa karne ya 3 KK. Yeye alisema Jua limetulia, na Dunia hulizunguka huku ikijizungusha yenyewe.

Wa tatu ni Ptolemy wa Alexandria, wa karne ya 2 BK, ambaye Waarabu walimwita Batlamyus. Kwake Dunia haiendi popote. Sayari huzunguka kwenye duara dogo, na kitovu cha duara hilo dogo huzunguka kwenye duara kubwa. Wazo hilo hakulibuni yeye: Apollonius wa Perga na Hipparchus wa Nicaea walikuwa wamelishughulikia zamani. Kazi yake ilikuwa kulitia tarakimu kwa kila sayari.

Wa nne ni watu wa atomu: Democritus wa Abdera katika karne ya 5 KK, na baadaye Epicurus (341–270 KK), aliyefundisha katika bustani yake Athens. Kwao kuna atomu na uwazi tu. Uwazi hauna mwisho, atomu hazina idadi, na ulimwengu wetu ni mmoja kati ya mingi isiyohesabika.

Nimemwacha Philolaus, aliyeweka moto katikati na kudai kuna dunia nyingine tusiyoiona upande wa pili. Anavutia, lakini hatoshi kuwa mwanzo wa mtu.

Swali lililojibiwa

Eudoxus aliuliza swali la mwanahisabati: je, mwendo wa sayari unaoonekana wa ovyo unaweza kutokana na mizunguko kadhaa iliyo sawasawa? Aristotle akaongeza swali la mwanafalsafa: vitu hivyo vimeumbwa kwa nini, na nani anavisukuma? Akagawa ulimwengu sehemu mbili. Chini ya Mwezi kuna udongo, maji, hewa na moto, na kila kitu huzaliwa na kuharibika. Kuanzia Mwezi kwenda juu kuna etha, kitu cha tano tofauti na hivyo vinne, isiyobadilika, inayozunguka milele. Ni jibu linalogusa fizikia na dini kwa pamoja.

Aristarchus, kwa kadiri ya kitabu chake kilichobaki, aliuliza swali la kipimo: Jua na Mwezi ni vikubwa kiasi gani, na viko mbali kiasi gani?

Ptolemy alitaka kujua sayari itakuwa wapi. Nipe tarehe, nikupe mahali. Ndiyo maana alikusanya rekodi za Wababiloni na kuanza hesabu yake na enzi ya mfalme Nabonassar, mwaka 747 KK, karibu miaka 900 kabla yake.

Watu wa atomu hawakujali tarehe. Epicurus alitaka watu waache kuogopa anga. Ikiwa kupatwa kwa Mwezi kuna sababu ya kimaumbile, basi si hasira ya miungu, na mtu anaweza kulala kwa amani. Kwake ilitosha kutaja sababu mbili au tatu zinazowezekana bila kuchagua moja, mradi zote ni za kimaumbile.

Yanayoonekana angani

Kipimo kizuri cha mifumo yote ni Mirihi. Ukiifuatilia usiku baada ya usiku, utaiona ikisogea polepole kati ya nyota kuelekea mashariki. Kila baada ya miezi 26 hivi inapunguza mwendo, inasimama, na kwa takriban miezi miwili na nusu inarudi magharibi, kisha inasimama tena na kuendelea na safari yake. Na wakati huohuo wa kurudi nyuma ndipo inapong'aa kuliko wakati wowote, nyekundu, inachomoza Jua linapozama. Mambo haya mawili, kurudi na kung'aa, hutokea pamoja. Mfumo wowote unaotaka heshima ulipaswa kuyaeleza yote mawili.

Eudoxus alieleza la kwanza kwa ustadi unaonishangaza kila ninapoufikiria. Chukua matufe mawili yenye kitovu kimoja, mihimili yake ikiwa imeinamiana kidogo, yazungushe kwa kasi moja kwa pande zinazopingana, na nukta iliyo juu yake itachora umbo kama namba 8 iliyolala. Lichukue umbo hilo, litembeze polepole angani, na utapata sayari inayokwenda, inayorudi, na inayokwenda tena. Ila la pili lilimshinda. Matufe yote yana kitovu kimoja, nacho ni Dunia, kwa hiyo umbali wa Mirihi haubadiliki kamwe. Haina sababu ya kung'aa zaidi.

Ptolemy alieleza yote mawili. Sayari inapofika upande wa ndani wa duara dogo, inasogea kinyume na duara kubwa, hivyo inaonekana ikirudi. Hapohapo iko karibu zaidi nasi, hivyo inang'aa.

Katika mfumo wa Aristarchus maelezo ni mepesi kuliko yote: Dunia inakwenda kasi kuliko Mirihi, inaipita kwa ndani, na kitu unachokipita huonekana kikirudi nyuma. Wakati wa kupitana ndio wakati wa ukaribu. Lakini tumtendee haki kila mtu: hakuna andiko la kale linaloonyesha kwamba Aristarchus mwenyewe aliueleza mwendo wa Mirihi hivyo, wala kwamba aliwahi kutoa jedwali la sayari hata moja.

Watu wa atomu ni dhaifu hapa. Hata hivyo Democritus alisema Njia Nyeupe, ule ukanda wa nuru hafifu unaokatiza anga usiku, ni nuru ya nyota nyingi ndogo zilizosongamana, na Galileo alipoielekeza darubini yake huko, nyota hizo zikaonekana.

Hesabu

Kwa Democritus na Epicurus huhitaji hesabu yoyote, na kwa msomaji mwingine hiyo ni nafuu kubwa. Kwa Aristotle unahitaji kuwaza maumbo zaidi kuliko kukokotoa. Ptolemy ni mgumu: anaanza na jedwali la nyuzi za duara, yaani mistari inayounganisha nukta mbili za duara, trigonometria ya wakati ule, na hakuachii nafasi ya kupumua.

Aristarchus yuko katikati, na hoja yake kuu inaingia ubaoni kwa dakika kumi. Mwezi unapokuwa nusu kamili, mstari kutoka Jua kwenda Mwezi na mstari kutoka Mwezi kuja kwetu hukutana kwa pembemraba. Basi ukipima pembe kati ya Jua na Mwezi ukiwa hapa Duniani, una pembetatu yote. Yeye aliichukua pembe hiyo kuwa nyuzi 87, na akahitimisha kwamba Jua liko mbali kuliko Mwezi kwa zaidi ya mara 18 na chini ya mara 20. Pembe halisi inakaribia nyuzi 89 na dakika 51 (dakika 60 hufanya nyuzi moja), na umbali halisi ni takriban mara 390. Kosa la chini ya nyuzi tatu limezaa kosa la mara ishirini! Hata hivyo alitoka na jambo kubwa: Jua ni kubwa kuliko Dunia, kipenyo chake kikiwa zaidi kidogo ya mara 6 na si zaidi sana ya mara 7 kwa hesabu yake. Ni rahisi kuona jinsi hitimisho hilo lingeweza kumfanya mtu ajiulize kwa nini kikubwa kikizunguke kidogo.

Sisi tulio karibu na ikweta tuna bahati hapa. Mwezi wa nusu, siku chache baada ya mwandamo, huwa karibu na utosi Jua linapozama. Mwanafunzi anaweza kunyoosha mkono mmoja kwenye Jua na mwingine kwenye Mwezi, akaiona pembe ile kwa mabega yake mwenyewe.

Maandishi yaliyobaki

Ptolemy amebaki mzima. Kitabu chake kikuu cha anga kina sehemu 13, kilitafsiriwa kwa Kiarabu mjini Baghdad katika karne ya 9, na Gerard wa Cremona akakipeleka kwenye Kilatini mjini Toledo katika karne ya 12. Ndani yake mna orodha ya nyota zaidi ya elfu moja katika makundi 48. Ptolemy huyohuyo, katika kitabu chake cha jiografia, aliutaja mji wa Rhapta kwenye pwani yetu, ambao wanahistoria wengi huuweka mahali fulani katika pwani ya Tanzania ya leo.

Aristotle naye anasomeka, na hoja zake za Dunia kuwa mviringo ni fupi na safi: kivuli cha Dunia juu ya Mwezi unapopatwa ni cha duara daima, na ukisafiri kwenda kusini unaona nyota ambazo kaskazini hazionekani. Kwa Eudoxus hakuna andiko hata moja kuhusu matufe yake lililobaki. Tunamjua kupitia Aristotle na mfafanuzi Simplicius wa karne ya 6 BK. Kwa Democritus tuna vipande na taarifa za wengine. Kwa Epicurus tuna barua tatu, moja ikihusu anga.

Kwa Aristarchus kuna jambo ambalo wengi hawaambiwi. Kitabu chake kilichobaki, kile cha ukubwa na umbali, hakitaji kabisa kwamba Jua liko katikati. Habari hiyo tunaipata hasa kwa Archimedes, aliyeitaja kwa mistari michache alipokuwa akihesabu punje za mchanga zinazoweza kujaza ulimwengu. Anayemchagua Aristarchus anachagua mtu ambaye wazo lake kuu limefika kwetu kwa kusimuliwa.

Panapovuja

Hapa ndipo ninapoomba msomaji asiwe na haraka.

Aristarchus alipingwa kwa sababu nzuri. Nyoosha kidole mbele ya uso, funga jicho moja, kisha jingine: kidole kinahama. Ikiwa Dunia inalizunguka Jua, basi kati ya Januari na Julai tumehama umbali mkubwa mno, na nyota zilizo karibu zingepaswa kuhama kidogo mbele ya zilizo mbali. Hakuna aliyeona hilo. Aristarchus alijibu kwamba nyota ziko mbali kiasi kwamba mzunguko mzima wa Dunia ni kama nukta tu mbele yake. Jibu lilikuwa sahihi, lakini kwa mtu wa karne ya 3 KK lilionekana kama kuukuza ulimwengu bila kipimo ili kuokoa wazo moja. Uhamaji huo wa nyota ulipimwa kwa uhakika na Friedrich Bessel mwaka 1838, nao ni mdogo kuliko sehemu moja ya elfu tatu ya nyuzi. Kulikuwa pia na upinzani wa kidini: mwandishi Plutarch anasimulia kwamba Cleanthes, mwanafalsafa wa Stoa, aliona Aristarchus anastahili kushtakiwa kwa kukosa heshima kwa vilivyo vitakatifu. Lakini tusidhani hasira hiyo ndiyo iliyolizima wazo. Lilikosa ushahidi, na lilikosa majedwali.

Ptolemy alilifikiria wazo la Dunia kujizungusha. Alikubali kwamba kwa upande wa nyota peke yake, pengine hakuna kinacholipinga. Akalikataa kwa sababu mawingu na vitu vilivyorushwa juu vingeachwa nyuma. Kujibu hoja hiyo kulihitaji fizikia ambayo haikuwapo. Tundu lake kubwa liko kwingine, kwenye Mwezi: kwa hesabu zake, umbali wa Mwezi hubadilika kutoka takriban nusukipenyo 33 za Dunia hadi 64, maana yake wakati fulani ungeonekana mkubwa karibu mara mbili. Mtu yeyote mwenye macho anajua haiwi hivyo. Tena, ili tarakimu zikubali, alilazimika kupima kasi ya sayari kutoka nukta ambayo si Dunia wala si kitovu cha duara. Ibn al-Haytham, mjini Cairo katika karne ya 11, aliyaandika mashaka haya wazi, na Nasir al-Din al-Tusi na wenzake wa Maragha, mji wa Uajemi, wakatafuta njia nyingine. Yaani Ptolemy ndiye aliyewapa wakosoaji wake kitu cha kukosoa kwa tarakimu.

Matufe ya Eudoxus yaliangushwa na mwangaza wa Zuhura na Mirihi, na pia na kupatwa kwa Jua, kwani mara nyingine Mwezi hulifunika lote na mara nyingine huacha pete ya nuru pembeni. Wenyewe wa kale waliliona. Aristotle alibaki na nguvu kwa sababu ya fizikia yake, na hiyo ilidumu hata baada ya wanaanga kuuhama utaratibu wa Eudoxus.

Epicurus alishikilia kwamba Jua ni kubwa kiasi kile linavyoonekana, au zaidi kidogo, au pungufu kidogo. Alisema hivi baada ya wanahisabati kuwa na zana za kumwonyesha vinginevyo. Nampenda Epicurus kwa mengi, lakini hapa kutojali kipimo kulimgharimu.

Nani aanze wapi

Mwalimu wa sekondari mwenye vipindi viwili tu na ubao: Aristarchus. Pembetatu ya Mwezi wa nusu inaunganisha hisabati na anga bila kifaa chochote. Lakini kipindi cha pili kitumike kwa swali la nyota zisizohama, wanafunzi wawe wapinzani wake. Wakishindwa kumjibu kwa ushahidi wa wakati ule, wameelewa.

Mwanafunzi wa falsafa au teolojia aanze na Aristotle. Mgawanyo wa chini na juu ya Mwezi, na wazo la kisukumaji kisichosukumwa, viliingia kwenye fikra za Waislamu na Wakristo kwa karne nyingi, na bila kuvijua utapotea katika maandiko ya Ibn Sina na ya Thomas Aquinas.

Anayependa hisabati au kuandika programu za kompyuta hatapata mwenza mzuri kuliko Ptolemy. Duara juu ya duara linaandikwa kwa mistari michache, na raha ya kuiona Mirihi ikirudi nyuma kwenye skrini ni kubwa. Fundi, mtu wa gia na meno, apitie kwenye mtambo wa Antikythera, kifaa cha gia cha Wagiriki wa kale cha kukokotoa mienendo ya anga, uliopatikana baharini mwaka 1901 na uliopo makumbusho ya Athens. Gia 30 za shaba zimebaki, na mojawapo ina pini inayoteleza katika mwanya ili kuiga mwendo usio sawa wa Mwezi.

Anayesoma kwa ajili ya moyo zaidi ya kichwa, au anayevutiwa na maswali ya dunia nyingine na mwisho wa vitu, achukue watu wa atomu. Democritus alisema kuna malimwengu yasiyo na Jua wala Mwezi, mengine yenye kadhaa, mengine yanayogongana na kuangamia. Msomaji wa leo anayefuatilia habari za sayari za nyota nyingine atajisikia nyumbani. Ila asitegemee kujifunza kutabiri chochote.

Na anayetaka anga lenyewe kabla ya kitabu aanze na hoja ya nyota za kusini. Nyota ya Suheli (Canopus) haionekani kutoka Athens. Mwanafalsafa Mgiriki Posidonius alisema huko Rhodes inagusa tu upeo wa macho, na Alexandria inapanda kwa sehemu ya 1/48 ya duara, na kwa tofauti hiyo akakadiria mzingo wa Dunia. Kutoka Mombasa au Dar es Salaam, jioni za Februari, iko juu kusini, nyeupe, ya pili kwa mwangaza kati ya nyota zote za usiku. Pima urefu wake kwa ngumi iliyonyooshwa, ambayo ni takriban nyuzi 10, mwombe ndugu au rafiki aliye Cairo au Muscat apime usiku uleule nyota ikiwa imefika juu kabisa, kisha mlinganishe namba zenu.